Allan Bloom wa mtumba kutoka Kampala: 15,000, kurasa 16 hazimo

Hii rivyu ni ya vitu viwili kwa mpigo, kitabu na kibanda nilikokinunua, manake siwezi kusema cha kimoja nikaacha kingine, kitabu kimenipa raha na kibanda kimenipa presha, halafu mwishoni kibanda kikajirekebisha kwa namna ambayo nikikumbuka nacheka peke yangu.

Kibanda chenyewe hakina jina. Kiko kwenye kichochoro cha kushukia Old Taxi Park, ukishapita wauza chaja na mikanda unakuta meza ya mbao, juu turubai la bluu, riwaya za mapenzi zimepangwa mbele, vitabu vya jinsi ya kutajirika katikati, na chini ya meza kwenye boksi la sabuni ndo kuna vile ambavyo mwenyewe hajui atamuuzia nani. Mimi huwa naanzia kwenye boksi la sabuni. Siku hiyo nilikuwa na saa mbili kabla ya basi la Arua kuondoka, nikapiga magoti pale, boda zinanipulizia moshi mgongoni, nikavuta kitabu kinene jalada limechanika pembeni: The Closing of the American Mind, Allan Bloom, 1987. Yaani akili ya Mmarekani imefungwa. Jina nilishalisikia chuoni, mhadhiri wetu alikuwa akilitaja kwa kukunja uso kama mtu aliyeng'ata ndimu, lakini kitabu chenyewe sikuwahi kukishika.

Nikauliza bei. Mzee mwenye kibanda akakigeuza geuza, "Ssebo, hicho ni siasa ya Marekani, elfu 25." Nikamwambia mzee wangu, kitabu cha 1987, jalada bovu, nani mwingine Kampala hii anakitafuta? Akaniangalia kwa juu ya miwani. "Si wewe hapo umepiga magoti?" Nikakosa jibu. Tukamalizana 15,000, akakitia kwenye kavera nyeusi, nikakimbilia basi. Kosa langu, na naliandika hapa ili nyie msilirudie: sikufungua kurasa kuhakiki.

Sasa huyu Bloom ni nani, kwa wasiomjua. Alizaliwa 1930 Indianapolis, familia ya Kiyahudi, baba na mama wote walikuwa wafanyakazi wa ustawi wa jamii. Akiwa na miaka 13 alisoma makala ya Chuo Kikuu cha Chicago kwenye gazeti la Reader's Digest akawaambia wazazi wake mimi nataka kwenda huko. Wakahamia Chicago 1946, na bahati yake chuo kile wakati huo kilikuwa chini ya Robert Hutchins ambaye alikuwa anachukua vijana hata kabla hawajamaliza sekondari na kuwasomesha vitabu vikubwa vya zamani, basi kijana akaingia akiwa na miaka 15, akatoka na digrii ya kwanza akiwa na 18. Hapohapo akakutana na mwalimu aliyemgeuza maisha, Leo Strauss, Myahudi wa Ujerumani aliyeishia Marekani, ambaye somo lake kubwa lilikuwa hili: Plato, yule mwanafalsafa wa Ugiriki ya kale, ukimsoma, msome kama mtu anayeweza kuwa anajua kitu ambacho wewe hujui, usimsome kama maiti ya kupasua. Bloom akachukua udaktari 1955, akasoma pia Paris kwa mwanafalsafa Alexandre Kojève, halafu akafundisha Yale, Cornell, Toronto, na 1979 akarudi Chicago, akafia hukohuko 1992 akiwa na miaka 62.

Muda wote huo alikuwa mwalimu tu, anajulikana na wanafunzi wake na wenzake wachache. Halafu 1987 akatoa kitabu hiki, rafiki yake Saul Bellow, mwandishi wa riwaya mwenye Nobeli, akaandika dibaji, na ghafla nakala za jalada gumu zikauzwa karibu nusu milioni. Kitabu chenye sura nzima za Nietzsche na Heidegger, wanafalsafa wagumu wa Kijerumani! Mzee wetu wa kibanda angesikia hiyo asingekiweka kwenye boksi la sabuni.

Nilianza kukisoma kabla basi halijatoka mjini. Bloom anafungua na jambo moja analosema profesa anaweza kuwa na uhakika nalo, kwamba karibu kila mwanafunzi anayeingia chuo anaamini, au anasema anaamini, kuwa ukweli ni wa kila mtu kivyake. Wewe na wako mimi na wangu. Na vijana wanaiona kama adabu, manake wameambiwa anayejiona ana ukweli ndo huyo analeta vita na utumwa na ubaguzi. Bloom anasema matokeo yake ni kinyume, akili iliyoachwa wazi kwa kila kitu inakuwa haitafuti kitu, sasa kama ukweli haupo utasoma vitabu vya zamani vya nini? Hapo nikafunga kitabu kidogo nikaangalia dirishani. Mimi nafundisha historia na pia jenero pepa, lile somo la insha na hoja, kwa S5 na S6 (kidato cha tano na sita), nimesahihisha mamia ya insha, na nawaambia kweli, nusu yake inaishia na "inategemea na mtu". Uliza mahari, uliza adhabu ya kifo, uliza kama mwizi apigwe, inategemea na mtu.

Tulipofika Bombo ndo nikawa kwenye ukurasa ulionifanya nikisamehe kitabu hiki mambo mengi. Bombo ni kwetu, mimi ni Mnubi, nimezaliwa pale na jamaa zangu bado wapo, na basi likasimama kidogo watu wanunue maji na ndizi. Bloom anazungumzia babu na bibi yake. Anasema kwa vipimo vya leo walikuwa watu wasio na elimu, babu alifanya kazi za chini tu, lakini nyumba yao ilikuwa tajiri kiroho kwa sababu kila kilichofanyika mle ndani, hata kidogo, kilikuwa na asili yake kwenye amri za Biblia na masimulizi yake na maelezo ya wazee juu ya masimulizi hayo. Halafu anawaangalia ndugu wa rika lake, madaktari watupu na watu wa PhD, wakianza kuzungumza mambo ya mbingu na dunia, mume na mke, mzazi na mtoto, hasikii chochote ila maneno ya kila mtu.

Nikamkumbuka haboba yangu, yaani bibi. Hakukaa darasani hata siku moja. Alikuwa anasuka vikapu barazani, juzuu ya Amma yote kichwani, na chochote ulichofanya nyumbani kwake alikuwa na neno lake, kwa nini mkate hauachwi chini, kwa nini mgeni haulizwi kilichomleta mpaka ale, kwa nini jirani akipika na wewe huna moto anakupa kaa. Ukimwuliza sababu anakupa kisa, na kisa kina mtu ndani yake, na mtu yule alikosea au alifaulu. Leo mimi nina digrii na diploma ya ualimu juu yake, mwanangu akiniuliza kwa nini mkate usiachwe chini namwambia utaliwa na sisimizi. Basi liliondoka Bombo mimi bado niko ukurasa uleule.

Nisiwafiche, baada ya hapo kitabu kinapanda na kushuka. Sura ya muziki mtaipenda hata kama itawaudhi. Anamchora kijana wa miaka 13 amekaa sebuleni anafanya hesabu na vifaa vya masikio vya Walkman kichwani, karne na karne za mashujaa na sayansi zimemletea raha zote hizo, na yeye mwili wake unadunda tu na ngoma ya roki. Mick Jagger naye anapata za uso. Watu walimcheka sana kwa sura hii, wakasema mzee anawaonea vijana wivu, ila ukiichimba utaona ametoa kwa Plato, kitabu cha 3 cha Jamhuri, ambapo Sokrates anasema malezi yanaanza na muziki kwa sababu mdundo unaingia rohoni kabla akili haijajua kusema ndiyo au hapana. Mimi jirani yangu Arua ana baa. Spika mbili urefu wa mtu. Kusema ukweli nilipofika sura hiyo usiku saa sita, na mwanangu wa miaka 4 anakata mauno usingizini, sikuona cha kumcheka Bloom.

Sehemu ya pili ya kitabu, hapo pana jasho. Anafuata maneno ambayo Wamarekani wanayatumia kila siku bila kujua yametoka kwa wanafikra wa lugha ya Kijerumani, Nietzsche, Weber, Freud, ni kama mtu anayevaa joho la jaji kwenda nalo sokoni. Inachosha, nimeruka mahali, ila kuna kisa kimoja cha dereva wa teksi Atlanta aliyemwambia ametoka jela na sasa yuko sawa kwa sababu ya tiba, akataja aina za tiba za saikolojia kama anayetaja timu za ligi, na aliyoipenda zaidi ni gestalt. Bloom anashangaa, zamani mtu kama huyo angesema nimetubu dhambi, sasa anasema nimejifunza kujipenda. Nikacheka kwa sauti manake wiki ileile boda wangu wa hapa Arua, kijana mzuri tu, alinieleza kwa nini alimwacha mkewe, akasema alikuwa na trauma, mke ni toksiki, na yeye ameshapata saikososho, yaani ule ushauri wa kisaikolojia. Huku kwetu na haya mashirika ya wakimbizi, kambi ya Bidi Bidi na kwingine, saikososho imekuwa neno kama chumvi. Sisemi haisaidii, watu wameona mambo mazito. Nasema tu yule boda alimaliza kunieleza na sikujua kama alimkosea mkewe au mkewe alimkosea yeye.

Sasa kuna swali moja Bloom anasema alikuwa anawapa wanafunzi wake, na hili ndo sababu naona kila mwalimu anunue kitabu hiki hata kama hatakubaliana na ukurasa mmoja. Anawauliza: ungekuwa wewe ni mtawala wa Kiingereza kule India, ungewaacha wenyeji walio chini yako wamchome mjane kwenye moto wa mazishi ya mumewe? Anasema wananyamaza, au wanajibu kwamba Mwingereza hakupaswa kuwa kule tangu mwanzo. Kwake hiyo ni dalili ya ugonjwa, wanakwepa.

Nililipeleka S5, kipindi cha mwisho Jumanne, joto limekaa juu ya mabati, nusu wanalala. Nikaliandika ubaoni. Kijana wa nyuma hakuchukua hata dakika: "Mwalimu, kwanza Mwingereza alikuwa anatafuta nini kule?" Darasa zima likacheka na kupiga meza, na mimi nikajisemea ala, Bloom huyu hapa, kawaona vijana wangu akiwa Chicago. Nikataka kuendelea na somo. Binti mmoja wa mbele, ambaye term nzima sijamsikia, akanyoosha mkono nusu, ule wa kutaka usionekane. "Mwalimu, kwani lazima nichague? Mwingereza aondoke, na yule mama asichomwe." Kimya. Halafu akaongeza taratibu, "Kwani kule India hakukuwa na mtu wa kumtetea, mpaka atoke ng'ambo?"

Alikuwepo, na hapo ndo Bloom ameteleza. Ni kweli Waingereza walipiga marufuku kuchoma wajane Bengal 1829 chini ya gavana mkuu Bentinck, lakini Ram Mohan Roy, Mbengali, mtu wa palepale, alikuwa ameshaandika na kupigania jambo hilo kwa miaka, tena akitumia vitabu vitakatifu vya Wahindu wenyewe. Kwenye swali la Bloom Wahindi ni wa kuchoma na kuchomwa tu, mwenye uamuzi ni Mzungu peke yake. Sisi hapa tuna mfano wa karibu zaidi, wazee wa Kisabiny kule Kapchorwa walianza kuupinga ukeketaji miaka ya 1990, sheria ya bunge ikaja 2010. Nikawapa darasa mfano huo, kengele ikalia, hakuna aliyetoka. Nimefundisha miaka 11 na hiyo sijaiona mara nyingi. Kwa hiyo swali lake lina kasoro na bado ni swali zuri kuliko yote niliyowahi kuandika ubaoni, mnielewe hapo.

Sura ya Cornell siipendi. Aprili 1969 wanafunzi weusi waliliteka jengo la Willard Straight, wakatoka siku ya pili na bunduki mikononi, na uongozi wa chuo ukawakubalia walichotaka. Bloom alikuwa mwalimu pale, aliona wenzake maprofesa wanavyobadilisha maneno yao kwa hofu, akaondoka akaenda Toronto, na unaposoma unaona kidonda hakijapona miaka 18 baadaye. Hofu ya maprofesa anaieleza vizuri, hiyo nampa. Lakini wale vijana walikuwa wanadai nini na kwa nini, hapo hana muda nao. Halafu anafika mahali anaweka Woodstock na Nuremberg kapu moja, ati msingi ni uleule, ujana uliojitoa kwa kitu bila kufikiri. Hapana, mzee. Tamasha la muziki na mkutano wa Wanazi? Na sisi Uganda tunajua bunduki ikiingia chuoni inakuwaje, ya kwetu haikushikwa na wanafunzi, 1972 makamu mkuu wa Makerere, Frank Kalimuzo, alichukuliwa na watu wa serikali na hakuonekana tena. Watu wa kwetu Bombo miaka ile ya Idi Amin hatupendi kuulizwa, kwa sababu ambazo wasomaji wengi mnazijua, basi niishie hapo.

Jingine la kumlaumu: vijana anaowalilia ni wa vyuo 20 au 30 bora vya Marekani, mwenyewe anasema. Mwanafalsafa Martha Nussbaum alimjibu vikali mwaka uleule wa 1987, kwamba Wastoa, wanafalsafa hao hao wa zamani anaowapigania, walisema falsafa ni ya kila binadamu, mtumwa na mwanamke ndani. Mimi nakubaliana na Nussbaum, na sababu yangu si ya vitabuni. Darasani kwangu kitabu kimoja cha historia kinazungushwa meza nzima, mtaala mpya wa 2020 unataka kila mtoto afanye projekti, tunapika sabuni ya maji, na mwalimu wa sayansi mwenye digrii alipandishiwa mshahara mpaka milioni 4 huku sisi wa historia na fasihi tukabaki palepale, tukagoma Juni 2022, tukarudi darasani mikono mitupu. Ukitaka kuona watu wanaotetea masomo ya zamani bila nusu milioni ya nakala, njoo stafrumu ya shule yoyote huku.

Sasa kurasa 16. Sehemu ya tatu, sura inayoanza na utetezi wa Sokrates mahakamani na kuishia na hotuba ya Heidegger ya 1933 alipochukua ukuu wa chuo cha Freiburg akiwaunga mkono Wanazi, hapo ndo kitabu kizima kinakoelekea, ni pale anapoeleza falsafa ilivyojificha ndani ya chuo kikuu ili isiuawe kama Sokrates, na chuo kilivyokuja kuiuza. Nafika katikati, kurasa zinaruka. Kitita kizima kimechomoka, uzi unaning'inia. Nilitamani kulia. Nikampigia mzee wa kibanda (namba yake iko kwa kalamu ndani ya jalada, kumbe huwa anajua atatafutwa). Jibu la kwanza: "Uliangalia ukiwa hapa, ukalipa." Nikamwambia mzee wangu sitaki hela, nataka kujua imekuwaje kwa Sokrates. Kimya. "Aliuawa," akasema, akakata simu.

Siku 9 baadaye, saa tano usiku, wasapu inalia mfululizo. Picha 16. Alikuwa amepata nakala nyingine kwa mwenzake, akapiga picha ukurasa mmoja mmoja chini ya balbu, na kila picha ina kidole gumba chake kwenye mstari wa mwisho, kwa hiyo kila ukurasa nimeumaliza kwa kubahatisha. Hakuniomba hata senti. Nimeziprinti 4,000 mjini, nimezitia ndani ya kitabu kwa raba bendi.

Nikaona basi nimsome Bloom mwenyewe akifanya kazi, akiacha kulalamika, na hapa ndo nataka mnisikilize wale mnaofikiria kununua. Rafiki yangu padri aliniazima tafsiri yake ya Jamhuri ya Plato ya 1968. Kitu tofauti kabisa. Bloom alikataa kupamba, neno moja la Kigiriki analitafsiri kwa neno lilelile kila linapotokea hata kama sentensi inakakamaa, ili msomaji asiyejua Kigiriki aweze kufuatilia neno mwenyewe bila mtafsiri kumficha kitu. Na mwanzo wake! Sokrates anasema jana nilishuka Piraeus, bandarini, na Glaukon, wametoka kuangalia sherehe, wanarudi zao mjini, mtoto mtumwa anamdaka nguo kwa nyuma, subiri, Polemarkos anakuja. Nani ameshuka Old Taxi Park hajavutwa shati kwa nyuma? Halafu wanamkuta mzee Kefalos amekaa kwenye kigoda chenye mto, shada kichwani, ametoka kuchinja sadaka uani, wanazungumza uzee na mali, na mazungumzo ya haki yalipoanza kumbana mzee akasema mwanangu endeleeni, mimi narudi kwenye sadaka. Nimekaa na wazee wa aina hiyo kila Idi.

Na kuna kitu nimekiona ambacho sijasikia mtu akikisema. 1964 Bloom na msomi mwenzake Harry Jaffa walitoa kitabu cha siasa ndani ya tamthilia za Shakespeare, Bloom akaandika sura za Mabepari wa Venisi, Othello na Juliasi Kaizari. Miaka hiyohiyo Nyerere, aliyesoma Makerere yetu, alikuwa anatafsiri Kaizari kwa Kiswahili, ikatoka 1963, na Mabepari wa Venisi 1969, akiwa rais wa nchi. Mmoja anamfungulia Shakespeare wanafunzi wa vyuo vikubwa, mwingine anamleta kwa lugha ya mkulima. Na 1968, mwaka uleule wa Jamhuri ya Bloom, Ngũgĩ na Taban lo Liyong na Owuor-Anyumba wanaandika kule Nairobi kwamba idara ya Kiingereza ifutwe, fasihi ya Afrika ikae katikati na nyingine ziizunguke. Bloom angewaweka hao kapu moja na wale vijana wa Cornell. Mimi naona wote walikuwa wanagombania kitu kimoja, mtoto asome nini kwanza, wakati wizara nyingi leo zinauliza mtoto atapata kazi gani.

Haya, maksi. Kitabu: 4 kwa 5, ningempa 5 angeacha Woodstock. Kama una hela ya kimoja tu, tafuta Jamhuri yake kabla ya hiki. Kama wewe ni mwalimu, nunua hiki kwa lile swali la mjane na ukurasa wa babu na bibi, sehemu ya pili soma ukiwa na kahawa. Kibanda: bidhaa 2, huduma baada ya mauzo 5 ukiondoa kidole gumba. Hesabuni kurasa kabla ya kulipa.

Mimi sasa hivi sinacho. Yule binti wa mbele alikuja stafrumu kukiazima, nikamwonya kigumu, akasema Mwalimu nitajaribu, na jana nimemwona chini ya mwembe raba bendi imo mdomoni. Nimempigia mzee anitafutie Jamhuri. Anasema ipo, kurasa zote zimo, amehesabu mwenyewe, elfu 40. Nimemwambia likizo nitapita, na nitapiga magoti nihesabu upya.